Meli Iliyofika

Kwa karibu mwaka mzima nimekuwa nikigombana na mwenye meli mmoja ambaye hajawahi kuishi. Aliumbwa na William Kingdon Clifford, mwanahisabati wa London, katika insha aliyochapisha mwaka 1877 kuhusu maadili ya kuamini. Jamaa ana meli kuukuu. Imeshakarabatiwa mara kadhaa, imezunguka bahari nyingi, na sasa inakaribia kung'oa nanga ikiwa imejaa wahamiaji. Kuna watu wamemdokezea kwamba hali yake si nzuri. Wazo hilo linamsumbua, lakini kuikagua upya ni gharama, na kuitengeneza ni gharama kubwa zaidi. Basi anaanza kujibembeleza. Si imeenda na kurudi salama mara zote hizo? Si imepita kwenye dhoruba? Kwani Mungu atawaacha maskini hawa wanaoenda kutafuta maisha? Na hawa mafundi, ni nani asiyejua vile wanapenda kuharibiana majina? Polepole moyo unatulia. Siku ya safari anaamini, kwa dhati kabisa, kwamba meli ni nzima. Meli inaondoka, inazama katikati ya bahari, na yeye anaenda kuchukua pesa zake za bima.

Clifford anasema mtu huyu ana hatia ya vifo hivyo, na kwamba aliamini kwa moyo wake wote hakumsaidii kitu. Kwa ushahidi aliokuwa nao, hakuwa na haki ya kuamini. Imani yake hakuipata kwa kuchunguza, aliipata kwa kuinyamazisha shaka. Kisha anaongeza jambo lililonifanya nishindwe kuiweka chini insha hiyo: tuseme meli haikuzama. Tuseme ilifika salama safari hiyo, na nyingine nyingi baada yake. Hatia inapungua? Clifford anakataa. Ni ileile, ila sasa hakuna atakayekuja kuijua.

(Na Clifford hakuwa mtu wa nchi kavu anayetoa mifano ya bahari kwa raha zake. Mwaka 1870 alisafiri kwenda kutazama kupatwa kwa jua na meli iliyowabeba ikavunjika karibu na Sicily. Aliokoka. Alikuja kufa mwaka 1879, akiwa na miaka 33.)

Watu wa falsafa huichukua insha hii wakaelekea nayo moja kwa moja kwenye dini, na huko wamebishana mpaka leo. Mimi nilikwama kwenye neno ambalo wao hulipita mbio: bima. Kama jamaa alikwenda kudai pesa, lazima kulikuwa na mtu upande wa pili wa meza. Huyo mtu alimuuliza nini?

Nilikuwa na sababu ya kukwama hapo. Niliacha chuo mwaka wa pili, na tangu hapo naandika chochote kinacholipwa: maelezo ya viatu, wasifu wa watu wanaotafuta kazi, hata hotuba za harusi. Mwaka jana wakala mmoja wa forodha pale Mombasa alitaka makala za kueleza bima ya mizigo ya baharini, juu tangu 2017 mwagizaji bidhaa wa Kenya anatakiwa kuinunua kwa kampuni za humu nchini. Nikaandika, nikalipwa, tukaachana. Lakini nilikuwa nimeshafungua kesi za mahakamani, na kesi za meli, wacha nikuambie, zinanoga kuliko filamu za mfululizo.

Kenya ina Sheria ya Bima ya Baharini, Sura ya 390, ya mwaka 1968. Iweke kando ya ile ya Uingereza ya 1906, utadhani moja ilipitishwa kwenye fotokopi. Kwa sheria hizi, meli inafaa bahari ikiwa iko katika hali ya kuridhisha, kwa kila namna, kukabili hatari za kawaida za safari iliyokatiwa bima. Hazizungumzii meli isiyoweza kuzama, maana hakuna kitu kama hicho. Zinazungumzia hatari za kawaida, za safari hiyo. Chombo kinachofaa kuvuka Likoni hakifai kwenda Bombay. Na hilo neno "kwa kila namna" limebeba mengi: chuma, injini, pampu, ramani, mafuta ya kutosha, na watu pia. Meli mpya kabisa ambayo nahodha wake hajui kutumia vifaa vyake vya kuzima moto, mbele ya sheria, ni meli mbovu.

Ukikata bima ya safari moja, sheria inachukulia umeahidi kwamba meli inafaa. Isipofaa, imekula kwako, hata kama hukujua. Lakini wenye meli wengi hukata bima ya muda, kwa mfano mwaka mmoja, na hapo ahadi hiyo haipo. Kampuni ya bima inayotaka kukataa kulipa kwa sababu ya ubovu inabidi ionyeshe kwamba meli haikufaa, kwamba ubovu huo ndio ulioleta hasara, na kwamba mwenye meli alijua, akaiachia iende hivyo hivyo. Neno "alijua" ndilo limeninyima usingizi. Nitalirudia. Kabla ya kufika huko kuna tatizo la kwanza, ambalo ni kwamba ushahidi uko chini ya bahari.

Watu wa Pwani husema mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Tezi ni nyuma ya chombo, omo ni mbele, na ngama ni kule tumboni, chini kabisa, maji yanakokusanyika. Methali hii hurushiwa watu wanaotangatanga, lakini mimi naisoma kama kanuni ya ushahidi. Ukitaka kujua hali ya chombo, achana na rangi iliyopakwa ubavuni. Teremka ngamani uone maji ni kiasi gani. Shida ni kwamba chombo kikishazama, chote kimekuwa ngama.

Chukua meli iliyoitwa Popi M. Ni Agosti 1976, Mediterania, nje ya pwani ya Algeria. Bahari shwari, meli ina shehena ya sukari. Maji yanaanza kuingia kupitia tundu kwenye ubavu wa kushoto, upande wa chumba cha injini, na meli inazama kwenye kina ambako hakuna wa kwenda kuitazama. Wenye meli wanadai bima, wakisema ni majanga ya bahari. Kampuni za bima zinasema ni uchakavu, chuma kilichoka. Sasa, meli haizami tu kwenye maji yaliyotulia, kwa hivyo wenye meli walihitaji kueleza lile tundu. Wakaondoa maelezo moja baada ya jingine mpaka wakabaki na hili: meli iligongwa na nyambizi. Nyambizi ambayo haikuonekana kabla, haikuonekana baada.

Jaji aliyeisikiliza kesi, Bingham, alikiri kwamba nyambizi ni jambo lisiloelekea kutokea. Lakini maelezo ya uchakavu nayo aliona hayasimami, kwa hivyo akachagua nyambizi. Mahakama ya rufaa ikamuunga mkono. Mwaka 1985 kesi ikafika Baraza la Malodi, wakati huo ikiwa mahakama ya mwisho Uingereza, na Lodi Brandon akauvunja uamuzi huo. Kwa ufupi, alisema jaji si Sherlock Holmes. Yule mpelelezi wa hadithini hufika kwenye jibu kwa kuyatupa majibu mengine yote, na lile linalobaki analikubali liwe la ajabu vipi. Jaji halazimiki kuucheza mchezo huo. Mbele yake hakuna nyambizi na uchakavu peke yake. Kuna jibu la tatu: aliyeleta madai ameshindwa kuyathibitisha. Basi. Wenye meli wakakosa pesa, na mahakama haikusema Popi M ilizamishwa na nini.

Naipenda hukumu hii kuliko ninavyopaswa kuipenda hukumu ya bima. Sisi tunaishi mahali ambapo kukitokea moto, kifo ama ajali asubuhi, kufikia saa sita mchana simu zetu zimeshagawanyika kambi mbili. Wewe una nyambizi yako, mimi nina uchakavu wangu, na anayesema "bado hatujui" anaonekana mwoga, ama amehongwa. Hapa kuna wazee wa mahakama wamekaa na mamilioni mezani, mawakili bora wa nchi yao wakiwabembeleza wachague, na wakakataa kuchagua.

Lakini kukataa kuchagua kuna bei, na lazima kuna mtu wa kuilipa. Kama hatujui, nani abebe hasara ya kutojua? Sheria inamtwika anayedai pesa, na ninaona ni haki, kwa sababu meli ilikuwa mikononi mwake. Kama angeweza kuonyesha kwamba ilikuwa nzima ilipoondoka bandarini, mahakama ingeweza kukubali kwamba kuna janga fulani la bahari lisilojulikana lililoipata. Yaani ushahidi wa meli iliyozama unatakiwa ukusanywe wakati meli bado inaelea, siku ambayo hakuna mtu anauhitaji na kuukusanya kunaonekana kama kupoteza wakati wa watu.

Utaniambia ndiyo maana kuna vyeti. Ni kweli, kuna mashirika yanayokagua meli na kuzipa madaraja, kuna wakaguzi wa bandari, kuna mihuri. Mahakama huvitazama vyeti, lakini havifungi mjadala. Cheti kinathibitisha kwamba kuna siku mtu fulani alitazama. Kila Mkenya amesikia hadithi za tairi za kuazima siku ya matatu kwenda kukaguliwa. Sijui ni matatu ngapi hufanya hivyo, lakini najua hakuna aliyewahi kuniuliza hadithi hiyo inamaanisha nini. Sote tunaielewa papo hapo, halafu tunapanda.

Sasa lile neno "alijua". Mwaka 1990 meli iliyoitwa Star Sea iliwaka moto kwenye chumba cha injini. Pampu ya dharura ya kuzimia moto ilikuwa na kasoro. Kulikuwa na mitungi ya gesi ya kaboni dayoksaidi ya kuufukiza moto wote kwa mpigo mmoja, lakini nahodha hakujua inavyotakiwa kutumiwa. Na haikuwa mara ya kwanza. Meli mbili nyingine za kundi hilohilo zilikuwa zimeshateketea. Kampuni za bima zikauliza, baada ya mioto miwili mlikosaje kuangalia? Jaji wa kwanza akaona zina hoja: wenye meli walifumba macho. Rufaa ikageuza, na mwaka 2001 Malodi wakasimama na wenye meli.

Walisema kufumba macho makusudi ni sawa na kujua. Waingereza wana hadithi yao ya Nelson, amiri mwenye jicho moja zima, ambaye katika vita vya Copenhagen mwaka 1801 aliiweka darubini kwenye jicho bovu ili asiione ishara ya kumwamuru arudi nyuma. Ukifanya hivyo, umejua. Lakini ili uhesabiwe umefanya hivyo, ni lazima uwe ulishuku kitu mahususi, kisha ukaamua kwa makusudi usiulize, usije ukathibitishiwa. Uzembe, hata ukiwa mkubwa wa kutia aibu, haufiki hapo. Wenye Star Sea walikuwa wazembe. Kwa hivyo wakashinda.

Ukisoma hivyo mara ya kwanza inakera, lakini ina mantiki yake. Watu hukata bima kwa sababu ya uzembe, wao wenyewe ama wa wale wanaowafanyia kazi. Kama kila uzembe ungefuta bima, malipo unayotoa kila mwaka yangekuwa sadaka.

Ninachoshindwa kukimeza ni kingine. Mlete yule mwenye meli wa Clifford mbele ya mahakama hiyo. Alishuku? Ndiyo. Aliamua asichunguze? Ndiyo. Angepatikana, basi. Lakini nani angethibitisha? Wiki mbili kabla ya safari alikuwa na shaka. Siku ya safari hana tena, na si kwamba anaigiza, hana kweli. Mpandishe kizimbani, aape kwa kitabu chochote, atasema aliamini meli ni nzima, na uso wake utakuwa mtulivu kwa sababu hasemi uongo. Jaji mwerevu atajibu kwamba uamuzi wa kutouliza ulishafanyika, na haufutiki kwa sababu moyo umetulia. Sawa kabisa. Lakini jaji aambiwe na nani? Ushahidi mkubwa kuhusu meli ile haukuwa kwenye mbao zake. Ulikuwa kichwani mwa mtu mmoja, na aliuharibu bila kuchoma karatasi hata moja.

Na huyo ni mtu mmoja. Kampuni ina vichwa vingi, na sheria haihesabu kila kichwa. Anayetakiwa kuwa alijua ni mwenye bima mwenyewe, na kwa kampuni hiyo ni wale wa juu wanaoiongoza. Akijua baharia, kampuni haijajua. Akijua nahodha, mara nyingi bado haijajua. Ukiitafakari polepole utaona inafika wapi: ofisi ambayo habari mbaya haziwezi kupanda ngazi zake ni ofisi isiyo na hatia.

Machi 1987 feri iitwayo Herald of Free Enterprise iliondoka bandari ya Zeebrugge, Ubelgiji, milango yake ya mbele ikiwa wazi. Maji yaliingia, ikapinduka, watu 193 wakafa. Uchunguzi ulipofanywa ilijulikana kwamba manahodha wa kampuni walikuwa wameshaomba wawekewe taa za kuwaonyesha kama milango imefungwa, na kwamba ofisini ombi hilo lilijibiwa kwa mzaha. Balaa kama hilo ni sehemu ya sababu za kuwepo kwa kanuni za kimataifa za usimamizi wa usalama wa meli, zilizoanza kulazimisha mwaka 1998. Zinataka kila kampuni iwe na mtu maalum nchi kavu, mwenye njia ya moja kwa moja mpaka kwa mkubwa wa mwisho, ili aliye kwenye meli awe na wa kumwambia. Yaani dunia ilibidi itunge kanuni ya kulazimisha habari kupanda ngazi.

Kabla ya hapo hali ilikuwa mbaya zaidi. Mwaka 1873 mbunge wa Uingereza, Samuel Plimsoll, alitoa kitabu cha kupinga meli mbovu zilizopakiwa kupita kiasi zikiwa na bima nono, zile zilizoitwa meli za majeneza. Enzi hizo baharia aliyeshatia saini, kisha akaiona meli na kukataa kupanda kwa kuwa ni mbovu, aliweza kufungwa jela. Na walifungwa. Watu pekee waliokuwa wameteremka ngamani kwa miguu yao, ushahidi wao ulihesabiwa kuwa kosa. Plimsoll alipigana mpaka mwaka 1876 sheria ikataka kila meli ichorwe mstari ubavuni wa kuonyesha mwisho wa kupakia. Ila mwenye meli aliachiwa achague mwenyewe auchore wapi. Ilichukua mpaka 1890 kwa serikali kumwambia mahali penyewe. Miaka 14! Huwa namfikiria yule fundi aliyebeba kopo la rangi, akimuuliza bosi, hapa? Juu zaidi?

Nina binamu baharia. Mzaliwa wa Mombasa, mtoto wa mama yangu mdogo, mkubwa kwangu kwa miaka minne. Yuko kwenye meli ya mizigo ambayo sitaitaja, ya kampuni ambayo pia sitaitaja. Mapema mwaka huu alinitumia video tatu. Ya kwanza inaonyesha mkono wa chuma wa kuteremshia mashua ya kuokoa maisha: anaukwaruza kwa kidole na kutu inatoka kama maganda. Ya pili ni maji chini ya chumba cha injini, pampu inanguruma na maji hayapungui. Ya tatu ni mpira wa kuzibia mfuniko wa ngama ya mizigo, umepasuka, umefungwa kwa tepu. Akaandika, "Ndugu yangu, hii meli yasukumwa na dua."

Kesho yake akaandika tena. "Zifute hizo video."

Nikampigia. Kumbe wameambiwa na afisa wao kwamba kasoro zinaripotiwa kwa mdomo, si kwa maandishi, si kwa picha. Hakuna aliyetishwa. Ni vile tu walioandika hawakuitwa tena kandarasi ilipoisha. Nikamuuliza kuhusu yule mtu maalum wa nchi kavu, yule wa kanuni, nikijiona najua mambo. Akacheka sana. "Namba yake ipo ukutani, pale twala chakula. Na jina langu lipo kwenye kandarasi."

Hapo ndipo mimi na Clifford tunapoachana kidogo. Yeye anataka kila mtu abebe wajibu wa kuchunguza, hadi mwanakijiji anayepiga porojo kwenye kilabu cha pombe. Mimi nasema wajibu huo uende na uwezo wa kutengeneza. Binamu yangu anajua tayari, amejua kupita kiasi, na kujua kwake kunamgharimu kazi bila kukaza hata parafujo moja. Anayeweza kuagiza mpira mpya ndiye anayetakiwa kulazimika kujua, na ndiye huyo amejengewa ukimya wa kumzunguka pande zote. Ukiuliza mahakamani nani alijua, watu wazito watatumia akili zao zote kupanga wasijue. Natamani swali lingekuwa nani alipaswa kujua. Najua bima ingepanda bei. Acha ipande.

Video sikuzifuta. Zina tarehe, zina saa, sauti yake inasikika. Nimezihifadhi mahali pawili. Lakini mimi katika sheria hii ni nani? Sikukata bima, sikuuza bima. Kujua kwangu si kujua kwa mtu yeyote. Na nimejiuliza, meli hiyo ikizama naye, video hizi zitamfaa nani? Wa kwanza kuzitaka atakuwa wakili wa kampuni ya bima, ili aonyeshe kwamba meli haikufaa na mteja wake asilipe. Wa pili atakuwa wakili wa wenye meli, ili aonyeshe kwamba hazikuwahi kufika ofisini. Mama mdogo atakuwa amekaa nyuma.

Meli haikuzama. Ilifika bandari moja, ikakaguliwa, ikapita. Ikafika nyingine. Binamu alimaliza kandarasi yake akarudi nyumbani na zawadi, na mama mdogo akatupikia biriani. Tulipokuwa tunanawa mikono akanipiga bega. "Waona? Ulikuwa wanitia wasiwasi bure. Si tumefika? Ile meli ni kongwe lakini ina bahati yake, imepita kwenye mawimbi huioni ikilalamika." Nilimtazama. Ni maneno yaleyale ya yule mwenye meli wa 1877, karibu kwa mpangilio uleule, isipokuwa huyu ndiye anayelala ndani yake na hana bima ya kudai.

Sikumwambia hivyo. Sikuona namna ya kumwambia mbele ya mama yake.

Mwezi ujao anarudi, meli ileile. Juzi usiku aliniuliza kama zile video bado ninazo. Nikamwambia ninazo. Akanyamaza kidogo, kisha akaniuliza simu yangu imebaki na nafasi kiasi gani.